Galatea Asiyekumbatika: Kisasili cha Kale katika Vichekesho vya Georges Méliès

Mwaka 1898, katika studio ya vioo aliyoijenga Montreuil, pembezoni mwa Paris, Georges Méliès alitengeneza filamu ya kama dakika moja iitwayo Pygmalion et Galathée. Mchongaji yumo katika karakana yake, anamalizia sanamu ya mwanamke, na sanamu hiyo inapata uhai mbele ya macho yake. Anafungua mikono amkumbatie, lakini mwanamke anatoweka na kuibuka upande mwingine wa chumba. Anamfuata tena, na safari hii mwili wa mwanamke unagawanyika, nusu ya juu ikajitenga na nusu ya chini. Mwishowe mwanamke anarudi kuwa sanamu, na mchongaji anabaki mikono mitupu.

Mtu anayekijua kisasili chenyewe atashangaa, kwa sababu huko hakuna kutoweka wala kugawanyika, na mwisho wake ni arusi. Rahisi kusema kwamba Méliès alikuwa mtu wa mizaha, kwa hiyo akaifanyia mzaha hadithi tukufu. Jibu hilo si la uongo, ila halifafanui kwa nini mzaha ulichukua sura hii hasa, ya mwanamke asiyekamatika, wala kwa nini visasili vya Ugiriki na Roma viliwavutia watengenezaji wa sinema tangu miaka yake ya mwanzo kabisa. Ili kuelewa hayo inabidi kufuata nyuzi tatu zilizosokotana: hadithi yenyewe jinsi ilivyosimuliwa na mshairi wa Roma, desturi ya watu wa Paris ya kuwacheka miungu, na namna kamera ya kuzungushwa kwa mkono na mkasi vilivyofanya kazi.

Masimulizi mashuhuri zaidi ya Pygmalion yamo katika kitabu cha kumi cha utenzi wa Ovid uitwao Metamorphoses, ulioandikwa mwanzoni mwa karne ya kwanza. Pygmalion wa Kupro, akiwa amechukizwa na mienendo ya wanawake wa kisiwa chake, anaishi bila mke na anachonga mwanamke wa pembe ya ndovu, mzuri kuliko yeyote aliyezaliwa. Anampenda. Anamletea kombe za baharini, ndege wadogo na kaharabu, anamvika nguo na vito, anamlaza juu ya matandiko laini. Siku ya sikukuu ya Venus, mungu wa kike wa mapenzi, anasimama mbele ya madhabahu na, kwa kuona haya, hathubutu kuiomba sanamu yenyewe bali anaomba mke anayefanana nayo. Venus anaelewa kilichomo moyoni, na mwali wa moto unaruka mara tatu. Pygmalion akirudi nyumbani na kumbusu, pembe inaanza kulainika kama nta kwenye jua, mishipa inapiga chini ya kidole, na mwanamke anainua macho akaiona mbingu na mpenzi wake kwa pamoja. Baada ya miezi tisa anazaliwa mtoto, Paphos. Ovid hakumpa mwanamke huyo jina. Galatea ni jina lililozoeleka katika karne ya 18, hasa baada ya mwanafalsafa Jean-Jacques Rousseau kulitumia katika mchezo wake mfupi.

Uzito wa masimulizi haya uko katika polepole yake. Ovid anayachelewesha mabadiliko makusudi. Pygmalion anagusa, anaondoa mkono, anagusa tena, anaogopa kwamba anajidanganya. Msomaji anausikia mwili ukija kwa vidole vya mchongaji, na mabadiliko hayo ni jibu la sala. Yupo anayeomba, yupo anayetoa, na kati yao kuna madhabahu.

Méliès aliondoa madhabahu na akaondoa polepole. Katika filamu yake hakuna sikukuu, hakuna Venus, wala hakuna mwili unaopata joto kidogo kidogo. Sanamu ni sanamu, kisha ghafla si sanamu. Nadhani hapa ndipo penye kiini cha jambo lote. Kamera ya mwaka 1898 haikuweza kulainisha pembe ya ndovu, lakini iliweza kufanya kitu ambacho Ovid hakukihitaji, nacho ni kubadilisha kitu kimoja kuwa kingine bila hatua ya kati. Na badiliko lisilo na hatua ya kati huchekesha kwa urahisi kuliko linavyotetemesha.

Hila yenyewe ni nyepesi kuieleza. Kamera huwekwa mahali pamoja bila kusogezwa hata kidogo. Mpigapicha huacha kuzungusha mpini, waigizaji wote huganda katika mikao yao, mmoja huondoka au sanamu huletwa mahali pake, kisha mpini huzungushwa tena. Mtazamaji anayeangalia kitambaa cheupe haoni pengo lolote; anaona mtu aliyekuwepo na sasa hayupo. Méliès aliwahi kusimulia, katika makala aliyoichapisha mwaka 1907, kwamba aliigundua kwa bahati alipokuwa akipiga picha katika uwanja wa Place de l'Opéra jijini Paris: kamera ilikwama kidogo, na alipoonesha mkanda aliona basi la farasi la njia ya Madeleine-Bastille limegeuka gari la maiti, na wanaume wamegeuka wanawake. Ni kisa kitamu mno, na wanahistoria wengi wanakipokea kwa tahadhari. Hila hiyo ilikuwa imeshatumika Marekani mwaka 1895, katika filamu ya kampuni ya Edison iliyoonesha kukatwa kichwa kwa Mary Stuart, malkia wa Uskoti, ambapo mwigizaji alibadilishwa na mwanasesere kabla shoka halijashuka.

Jambo lenye manufaa zaidi liligunduliwa na watafiti walioichunguza mikanda ya Méliès kwa mkono, picha kwa picha. Waliona kwamba mahali pa kila hila pana mkato na gundi. Yaani hakutegemea kusimamisha kamera peke yake. Baada ya kusafisha mkanda alikuwa akikata zile picha zilizoharibika pale mpini ulipopunguza kasi na kuongeza kasi tena, na kuchagua kwa mkasi picha moja hasa ambayo tendo la kwanza liishie na la pili lianze. Hili linabadilisha namna tunavyomtazama. Kwa muda mrefu alisemwa kuwa mtu wa jukwaani aliyepiga picha michezo ya jukwaani bila kujua chochote kuhusu uhariri. Kumbe alikuwa akihariri kwa uangalifu mkubwa, ila alitaka mkato usionekane. Na mchekeshaji yeyote anajua kwamba kicheko hukaa katika wakati: mikono ikifunga mapema mno, mtazamaji ataiona hila, ikifunga kwa kuchelewa, mchongaji ataonekana mpumbavu tu. Inabidi mikono ikutane juu ya hewa pale pale mwili ulipokuwa.

Ufundi huo aliutoa katika mazingaombwe. Méliès, aliyezaliwa mwaka 1861 katika familia ya mwenye kiwanda cha viatu, alinunua ukumbi wa Robert-Houdin mwaka 1888 na kuufanya nyumba ya viinimacho vilivyotiwa hadithi na vichekesho. Mchezo wake mmoja wa mwaka 1891 ulimhusu profesa anayekatwa kichwa katikati ya hotuba, na kichwa kikaendelea kuhutubia hadi kiliporudishwa shingoni. Kwa mtu huyu, mwili uliogawanyika haukuwa kitisho. Ulikuwa mali ya kazi. Mwaka uleule wa Pygmalion alitengeneza filamu nyingine ambamo anakivua kichwa chake mwenyewe zaidi ya mara moja na kukipanga juu ya meza, kila kichwa kikibaki na uhai wake, hila iliyofanywa kwa kupiga picha mara kadhaa juu ya mkanda uleule mbele ya mandhari nyeusi. Na kabla ya hapo, mwaka 1896, alikuwa amemtowesha mwigizaji Jehanne d'Alcy kutoka kitini kwa kufuata kiinimacho mashuhuri cha jukwaani, lakini bila kuhitaji mlango wa siri sakafuni. Nusu mbili za Galatea, basi, zina nasaba ndefu katika ukumbi wa mazingaombwe kabla hazijaingia Kupro.

Hata hivyo mazingaombwe hayatoshi kueleza kwa nini alimchukua Pygmalion badala ya profesa mwingine asiye na jina. Hapo ndipo Paris yenyewe inapoingia. Kwa zaidi ya nusu karne kabla ya sinema, jiji hilo lilikuwa limezoea kuishusha miungu kutoka Olimpo na kuivisha tabia za majirani. Kati ya 1841 na 1843 mchoraji Honoré Daumier alichapisha katika gazeti la Le Charivari mfululizo wa michoro 50 uitwao Histoire ancienne, ambamo mashujaa wa Troya wana vitambi na magoti makavu. Pygmalion yumo. Sanamu yake imepata uhai, na tendo lake la kwanza si kumbusu mchongaji wala kuitazama mbingu. Anainama taratibu kutoka juu ya msingi wake na kuchota ugoro katika kikopo cha bwana huyo, ambaye anaduwaa. Mwaka 1852 jukwaa la Opéra-Comique lilimpokea Galatea wa mtunzi Victor Massé, mwanamke mlafi, mlevi na mwenye tamaa ya vito, hadi aliyemwomba awe hai akajuta na kumtaka arudi kuwa jiwe. Mtunzi Franz von Suppé alifuata njia hiyohiyo katika opereta (mchezo mwepesi wa kuimbwa) yake ya mwaka 1865 ya lugha ya Kijerumani.

Juu ya hao wote alisimama Jacques Offenbach. Opereta yake ya Orphée aux enfers, iliyooneshwa kwa mara ya kwanza tarehe 21 Oktoba 1858, inamfanya Orpheus, mwimbaji wa visasili aliyeshuka kuzimu kwa mapenzi ya marehemu mke wake, kuwa mwalimu wa fidla anayefurahi mke wake anapofariki, na anashuka kuzimu kumdai kwa sababu tu ya kuogopa maneno ya watu. Jupiter naye, mkuu wa miungu, anajigeuza nzi ili apenye tundu la ufunguo. Mhakiki Jules Janin aliishambulia gazetini akidai kwamba imeinajisi turathi takatifu ya kale, na shambulio hilo likaujaza ukumbi wa Bouffes-Parisiens. Aliyekasirika alifanya kazi ya mpiga debe, kama ilivyo kawaida.

Nimeitaja orodha hii kwa sababu inarekebisha dhana moja inayorudiwa sana, kwamba sinema changa ilijitwalia hadithi za kale ili ijipatie heshima. Dhana hiyo ni sahihi kwa kipindi cha baadaye, kuanzia mwaka 1908 hivi, kampuni za Ufaransa na Italia zilipotafuta hadhi kwa kuigiza tamthilia na tenzi kubwa. Méliès hakuwa akitafuta heshima hiyo. Alikuwa akiendeleza mzaha ambao watazamaji wake waliurithi kwa babu zao, na alijua kwamba hakuhitaji kumtambulisha Jupiter wala Neptune kwa yeyote. Aliyesoma alikuwa amekaririshwa Ovid shuleni, kwa kuwa Kilatini kilikuwa uti wa mgongo wa shule za sekondari za Ufaransa, na Méliès mwenyewe alipita shule ya Louis-le-Grand. Ambaye hakusoma alikuwa ameiona miungu hiyo bustanini Tuileries imesimama kwa mawe, na kuisikia ikiimba opereta.

Hili lilikuwa na faida ya kibiashara ambayo si ya kupuuzwa. Wakati huo filamu hazikukodishwa. Ziliuzwa kabisa, kwa urefu wa mkanda, na wanunuzi wakubwa walikuwa watembezaji wa sinema waliozunguka na mahema yao katika maonesho ya mijini na vijijini. Mkanda wa mita 20 ulitoa muda wa dakika moja tu. Ndani ya dakika hiyo hakuna nafasi ya kueleza nani ni nani, na maandishi ya kuelezea kwenye filamu yalikuwa bado hayajazoeleka. Kisasili kilikuja kikiwa kimeshajieleza: jina likitajwa na msimulizi aliyesimama kando ya kitambaa, hadithi yote inamjia mtazamaji kichwani, na filamu inabaki na kazi moja tu ya kuipotosha. Mtu asiyejua kwamba Pygmalion anapaswa kumpata Galatea hawezi kucheka vizuri anapomkosa.

Méliès mwenyewe alisema uzeeni kwamba hadithi kwake ilikuwa kisingizio cha kupangia hila. Namwamini, lakini si kwa ukamilifu. Kisingizio kizuri hufanya kazi zaidi ya alivyokusudia mwenyewe. Alipokiondoa chanzo cha kiungu cha mabadiliko na kuacha mabadiliko yenyewe, aliigeuza hadithi ya sala iliyojibiwa kuwa hadithi ya mtu anayechezewa na uwezo asiouona. Pygmalion wake hajui Galatea amekwenda wapi, na hawezi kujua, kwa sababu yuko ndani ya mkanda na mkasi uko nje. Mahali pa Venus pamekaliwa na fundi wa Montreuil, na fundi huyu hana huruma kwa wapenzi.

Kuna wasomaji wa leo wanaopenda kuona katika Galatea huyu mwanamke aliyejikomboa: Ovid alimwumba kwa mikono ya mwanamume na kumkabidhi kwake, lakini Méliès amempa uwezo wa kukataa. Wanazuoni wa sinema wamejadili wanawake wanaotoweka katika filamu za Méliès tangu mwishoni mwa miaka ya 1970, na mjadala una mashiko, kwani idadi ya wanawake anaowaibua, kuwakata na kuwafuta ni kubwa mno kuwa bahati. Mimi sioni ukombozi hapo. Galatea hakimbii kwa hiari yake; anahamishwa. Jambo pekee linaloweza kusemwa kwa haki ni kwamba filamu inamcheka mwanamume anayetaka kumiliki alichokichonga. Mnamo mwaka 1890 mchoraji Jean-Léon Gérôme alikuwa amemchora Pygmalion akimbusu Galatea ambaye mwili wake wa juu umeshakuwa nyama ilhali miguu bado ni marmari. Sijui kama Méliès aliukumbuka mchoro huo alipompasua Galatea wake, lakini ukiviweka pamoja, kile ambacho Gérôme alikichora kama kilele cha mapenzi kinaonekana katika filamu kuwa ajali ya kikazi.

Visasili vingine alivyovishika vinaonesha mkono uleule. Katika Le Tonnerre de Jupiter ya mwaka 1903, mkuu wa miungu anashindwa kuitawala radi yake mwenyewe, na silaha iliyowatia binadamu hofu inakuwa chombo kibovu mikononi mwa mzee mwenye hasira. Kuna kichekesho pale kwa sababu mpangilio wa mamlaka umepinduliwa: katika Pygmalion uwezo ulikuwa nje ya mtu wa kawaida, lakini hapa hata mungu hana uwezo juu ya hila.

L'Île de Calypso, ya mwaka 1905, ni kazi nzito zaidi, na upole wake unaitofautisha na zile mbili. Méliès ameunganisha matukio mawili ya Odyssey, utenzi wa Homer, yaliyo mbali sana: Calypso, mwenye kisiwa, wa kitabu cha tano na Polyphemus, jitu la jicho moja, wa kitabu cha tisa. Ulysses (jina la Kilatini la shujaa Odysseus) anafika mbele ya pango, anawaona wanawake wa kisiwa na malkia wao, kisha kutoka pango lilelile kunatokeza mkono mkubwa kuliko mtu mzima, na baadaye kichwa cha jitu, na Ulysses analichoma jicho. Pango moja linabeba mvuto na kitisho kwa zamu. Wenye Homer wao mkononi watalalamika, na wana haki, lakini watambue pia kilichoachwa nje. Katika utenzi, ushindi juu ya Polyphemus ni wa maneno: Odysseus anajiita Hakuna-mtu, jitu linapofushwa, na likiulizwa na wenzake nani amelidhuru linajibu kwamba hakuna mtu. Huo ndio mzaha bora wa Homer, na ni mzaha ambao sinema ya kimya haikuweza kuubeba. Iliyobaki ni tofauti ya ukubwa kati ya mkono na mtu, nayo kamera ilikuwa inaimudu vizuri.

Tathmini yoyote ya kazi hizi inapaswa kukumbuka kwamba tunasoma mabaki. Méliès alitengeneza zaidi ya filamu 500, na zilizosalia ni takriban 200. Alifilisika, akapoteza mali ya Montreuil mwaka 1923, ukumbi wa Robert-Houdin ukabomolewa, na kwa hasira akaichoma moto akiba yake ya mikanda asilia. Kuanzia miaka ya 1920 aliuza vinyago na peremende katika kituo cha reli cha Montparnasse pamoja na Jehanne d'Alcy, ambaye sasa alikuwa mke wake, hadi waandishi wa habari na wapenzi wa sinema walipomtambua. Filamu yake ya mwaka 1899 kuhusu miungu ya bahari, Neptune na Amphitrite, imepotea. Pygmalion et Galathée nayo ilihesabiwa kuwa imepotea hadi nakala ilipopatikana Barcelona mwaka 1993, kwa hiyo walioandika juu yake kabla ya hapo walitegemea katalogi na kubahatisha.

Wakati sinema ya kimya inakaribia kufa, mzaha juu ya visasili ulikuwa umebadilika umbo kabisa. Mwaka 1927 mwongozaji Alexander Korda alitengeneza Hollywood filamu ya The Private Life of Helen of Troy, kutokana na riwaya ya John Erskine, huku mkewe Maria Corda akiigiza Helen, mrembo ambaye kwa ajili yake vita vya Troya vilipiganwa. Hakuna anayetoweka humo. Helen na Menelaus ni mke na mume wa kisasa waliochokana, na vita vya Troya ni ugomvi wa nyumbani uliovuka mipaka. Kicheko kilihama kutoka mwilini kikaenda kwenye maandishi yaliyopachikwa kati ya picha, kiasi kwamba katika tuzo za kwanza za Academy (Oscar), zilizotolewa mwaka 1929, mwandishi wa maandishi hayo, Gerald Duffy, alipendekezwa kushindania tuzo ya uandishi wa aina hiyo, akiwa ameshafariki. Tuzo hiyo ilitolewa mwaka huo tu, kwa kuwa filamu za sauti zilikuwa zimeshafika. Filamu yenyewe imesalia vipande, na Maria Corda, mwenye lafudhi nzito ya Kihangari, hakupata nafasi katika sinema iliyosema.